KURA YA LUMBESA
(Mazungumzo na vijana, Tunduma)

Ndugu msomaji, maneno haya niliwaambia vijana wenzangu hapa Tunduma, nawe nakuletea. Sikusoma sheria. Elimu yangu ni kidato cha nne na kalamu yangu ni ya kujitegemea. Lakini mizani naijua, na wewe unaijua.

Mkulima wa Mbozi akiuza mahindi, adui yake ni lumbesa. Gunia moja, bei moja, lakini juu yake kuna madebe yanayokwenda bure. Sasa itazame kura yako.

Sensa ya 2012 ilikuta Tunduma watu 97,000 na ushee. Ya 2022 ikakuta zaidi ya 219,000. Tangu jimbo lilipoanzishwa mwaka 2015, mbunge ni mmoja. Mei 2025 Tume ilitangaza majimbo mapya 8. Uyole, kule Mbeya, ikapata. Mkoa wetu wa Songwe, patupu.

Piga hesabu ya nchi nzima. Bara ina watu karibu milioni 60 kwa majimbo 222: wastani watu 270,000 kwa mbunge. Zanzibar ina watu karibu milioni 1.9 kwa majimbo 50: wastani 38,000. Mara saba! Sisemi Wazanzibari wanyang'anywe; Muungano ni wa nchi mbili na kila upande lazima usikike. Nauliza tu: kipimo hiki anakikagua nani?

Lumbesa ina Wakala wa Vipimo. Kura haina. Ibara ya 75 ya Katiba inasema Tume hugawa majimbo kwa kibali cha Rais. Ibara ya 74(12) inafunga mlango: hakuna mahakama yenye mamlaka ya kuchunguza lililotendwa na Tume katika kutekeleza madaraka yake kikatiba. Umepunjwa? Nyamaza!

Majirani zetu Wakenya hawakukubali. Katiba yao ya 2010, Ibara ya 89, inataka majimbo yakaribiane kwa idadi ya watu: tofauti isizidi asilimia 30, au 40 kwa miji mikubwa na maeneo yenye watu wachache. Mwananchi asiyeridhika huenda Mahakama Kuu, na kesi husikilizwa ndani ya miezi mitatu. Mwaka 2012 walikwenda kwa wingi, wakasikilizwa. Huko Marekani nako, Tennessee ilikaa na mgawanyo wa 1901 hadi Mahakama Kuu ya nchi iliporuhusu kesi mwaka 1962.

Usiambiwe kwetu haiwezekani. Julai 2020 Mahakama ya Afrika, iliyo Arusha hapa hapa, ilisema Tanzania imekosea kuzuia matokeo ya urais yasihojiwe mahakamani. Kufuli ya 74(12) ni ndugu wa kufuli ile.

Basi, ndugu yangu, wakija kukuuliza unataka nini katika Katiba mpya, usianze na vyeo. Sema: futeni 74(12). Mkulima anayekataa lumbesa hakatai kuuza. Anataka mizani.