Nguo ya Kuazima



Juma lililopita nilikaa barazani na kijana mmoja, mkulima wa korosho. Uso wake ulikuwa kama wa mtu aliyefiwa. Wenzake wanapeleka magunia ghalani, yeye hana la kupeleka. Korosho zake aliziuza kwa kangomba zingali mtini, kwa bei ya kutupa, ili amnunulie mchumba wake simu ya kupangusa.

Nikamuuliza: "Binti aliidai?"

"Hapana, mjomba. Lakini nisipompa mimi, atampa mwingine."

Hapo ndipo penye kidonda. Tunauita ukarimu, kumbe ni woga.

Kilwa ina kisa chake cha utoaji. Ibn Battuta alipofika hapa mwaka 1331 alimkuta Sultani Hassan bin Sulaiman, aliyeitwa baba wa zawadi. Aliwahi hata kumpa fakiri nguo alizokuwa amevaa. Alipofariki akatawala nduguye Daudi, na waombaji wakajibiwa kwamba mtoaji amekwenda na hakuacha kitu. Naye yule alikuwa na dhahabu ya Sofala! Kijana wangu ana mikorosho michache tu.

Simcheki. Mimi nilipokuwa nachumbia, pale Lindi mjini, niliazima saa ya rafiki. Kila nikienda ukweni nilihakikisha mkono unaonekana. Tulipokwisha kuoana, mke wangu akanieleza kuwa saa ile ilikuwa imesimama tangu siku ya kwanza. Alinyamaza kwa sababu viatu alivyovaa vilikuwa vya dada yake, navyo vikimbana vidole. Tulicheka sana. Lakini nilijiuliza: ni miezi mingapi tuliipoteza, kila mmoja akimwogopa mwenzake?

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inamruhusu mtu kudai mahakamani zawadi aliyoitoa kwa sharti la ndoa, ikiwa ndoa haikufungwa. Simu basi yaweza kurudi. Msimu wa korosho haurudi, wala imani hairudishwi kwa hukumu.

Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri maungo. Kijana, mweleze mchumba wako mapema una mikorosho mingapi na deni kiasi gani. Nawe binti, mweleze viatu ni vya nani. Atakayeondoka, aondoke mapema. Atakayebaki, mtalala usingizi.

Kijana wangu ameniahidi kwamba atasema. Tukutane juma lijalo.