Kwa Nini Tunawalilia Watu wa Kitabuni?

Mazungumzo ya redio kwa madarasa ya watu wazima

Sogeeni karibu na redio. Wekeni kalamu chini kwanza. Leo tutasikiliza habari ya kitabu, kisha tutaulizana.

Nianze na jambo ambalo kila mtu wa Arusha analijua. Simu ikilia saa nane za usiku, hapana mtu anayeipokea kwa furaha. Kabla hujasema "haloo", moyo umekwisha kukuambia kuwa kuna msiba. Kilichobaki ni kujua ni msiba wa nani.

Mwaka 2017 mwandishi wa Marekani aitwaye Adam Silvera alitoa kitabu cha vijana kinachoanza kwa simu ya namna hiyo. Kitabu chaitwa They Both Die at the End, yaani mwishoni wote wawili wanakufa. Katika hadithi hiyo iko ofisi inayojua nani atakufa siku ile. Kati ya saa sita na saa tisa za usiku ofisi huwapigia simu watu hao na kuwaarifu. Haiwaambii watakufa saa ngapi, wala kwa njia gani.

Vijana wawili wa New York wapata simu usiku mmoja. Mateo ana miaka 18, naye ni mwoga, amezoea kujifungia chumbani. Mama yake alifariki alipomzaa, na baba yake yu hospitalini, hana fahamu. Rufus ana miaka 17. Wazazi wake na dada yake walikufa maji gari lao lilipotumbukia mtoni. Vijana hawa hawajuani. Wanatafutana siku ileile ili asiwepo wa kufa peke yake. Wanatembea pamoja, wanakuwa marafiki, na kabla siku haijaisha wanapendana, kama mtu na mchumba wake. Kisha wanakufa, kama jina la kitabu lilivyosema.

Sasa sikilizeni ajabu yake. Msomaji ameambiwa mwisho tangu kwenye jalada, na bado analia. Kitabu hiki kilipata nguvu mpya tangu mwaka 2020, miaka mitatu baada ya kutoka, wakati vijana waliosoma walipojipiga video kwa simu zao wakilia, wakazisambaza kwa njia ya TikTok. Wenzao walipoyaona machozi hayo hawakukimbia. Walikwenda kukinunua, hata kikapanda katika orodha ya vitabu vinavyouzwa sana Marekani. Nani hutembeza vitunguu sokoni akinadi, "Njoni, vitawaliza"? Lakini kitabu huuzika hivyo.

Hadithi hii niliisimulia katika darasa letu la jioni, upande wa Tengeru, chini ya Mlima Meru. Sikuwa nimefika mbali, mzee mmoja mkulima wa kahawa akanikatiza.

"Mwalimu, wavulana wawili kupendana? Dini yangu haikubali, na sheria ya nchi haikubali."

Nikamjibu, "Kweli, mzee wangu, sheria yetu ndivyo ilivyo. Lakini hadithi haijaisha. Niendelee?"

Akafikiri kidogo. "Endelea."

Nilipomaliza, mama mmoja auzaye ndizi sokoni akasema, "Mimi nimeshika simu ile tu. Mdogo wangu alikufa kwa ajali ya pikipiki. Tulikuwa tumegombana kwa ajili ya mbuzi, mwezi mzima hatusemezani. Kama ningepigiwa simu alfajiri ile, ningekwenda kwake kwa miguu." Darasa zima likanyamaza.

Kijana mmoja dereva wa bodaboda akakasirika. "Mwandishi huyu ni mkatili. Kalamu ni yake. Kwa nini asiwaponye?"

Hilo ni swali zuri, nami nataka nanyi mjifunze njia ya kulijibu. Hadithi ikiisha kwa kifo, usifunge kitabu upesi. Uliza hivi: kimemwua nini?

Tazameni. Mateo aliuawa na moto wa jiko bovu alipotaka kuchemsha chai. Rufus tunaachana naye akivuka barabara, mawazo yake yako mbali. Jiko na barabara, basi. Hawakufa kwa sababu walipendana. Mwandishi hakuwaadhibu. Walikufa kama mtu yeyote wa Tengeru awezavyo kufa, na ndiyo maana mama muuza ndizi alimwona mdogo wake humo ndani.

Linganisheni na kitabu cha kwetu, Rosa Mistika, cha Euphrase Kezilahabi, mwana wa Ukerewe, kilichotoka mwaka 1971. Rosa anajiua. Kimemwua nini? Baba alimpiga kwa ajili ya barua ya mvulana. Baadaye Rosa akapotea njia, na mchumba aliyempenda akamwacha alipojua kuwa si bikira. Basi Rosa aliuawa na hukumu ya watu. Kitabu hicho kilizua ubishi mkubwa, kikapigwa marufuku mashuleni. Leo kinahesabiwa miongoni mwa riwaya kubwa za Kiswahili.

Wako pia watu wanaotaka hadithi iwe fimbo. Mwaka 2018 sinema iitwayo Rafiki, ya Wanuri Kahiu, ilipigwa marufuku kwao Kenya. Yahusu wasichana wawili wa Nairobi wapendanao, na ilitokana na hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda, iliyopata Tuzo ya Caine mwaka 2007. Kahiu alieleza kwamba alitakiwa abadili mwisho, maana ulikuwa na matumaini mno. Septemba ya mwaka ule Mahakama Kuu iliruhusu ionyeshwe kwa siku 7, na watu wakajaa kuitazama. Mnaona jinsi mwisho wa hadithi ulivyo jambo zito? Watu hushtakiana kwa ajili yake.

Nirudi darasani. Watu walipokuwa wakiondoka, yule mzee mkulima alibaki kwenye benchi.

"Mwalimu, yule baba aliye hospitalini, alizinduka?"

"Kitabu hakisemi, mzee wangu."

"Mwanawe alimwaga?"

"Alikwenda akasimama kando ya kitanda, akamwaga. Baba hakusikia."

"Basi akizinduka, atamwulizia." Akavaa kofia yake. "Neno langu la kwanza sijalibadili. Lakini baba yule amenitesa."

Wiki iliyofuata alileta karatasi iliyokunjwa mara nne. Ilikuwa barua ya mistari minne kwa mwanawe aliyeko Dar es Salaam. Hakuniambia kuna nini kati yao, nami sikumwuliza. Aliomba nimsahihishie herufi tu. Makosa yalikuwa mawili.

Wasikilizaji, msomaji si lazima akubali kila watendalo watu wa kitabuni ndipo awalilie. Kitabu cha huzuni humpigia msomaji simu ile ya usiku, lakini humpigia mapema, watu wake wakiwa bado hai. Akikifunga, bado ana nafasi ya kwenda kwao.

Sasa walimu, zimeni redio, mwulizane maswali haya:

1. Kwa nini watu hulia hata kama wameambiwa mwisho wa hadithi?

2. Taja hadithi unayoijua inayoisha kwa kifo. Kimemwua nini mtu huyo?

3. Mzee mkulima hakubadili neno lake. Kwa nini basi aliandika barua?

4. Andika mistari minne kwa mtu ambaye hujasema naye siku nyingi. Mwalimu asiisome usipotaka.

Kwa leo ni hayo. Kwaherini, na usiku mwema.