Simu ya Susu

Msikilizaji, hapa Katangi kuna watoto wengi wanaolelewa na susu, yaani bibi, huku wazazi wakitafuta riziki Nairobi, Thika au Mombasa. Mzazi akitaka kuwaona watoto jioni, anamtumia susu simujanja. Siku hizi si lazima uwe tajiri. Mwaka 2020, Safaricom na Google walipoanzisha mpango wa Lipa Mdogo Mdogo, mtu aliweza kuilipia shilingi 20 kwa siku. Ni jambo jema mtoto amwone mamake akicheka. Ila nina neno na huyo aliyeinunua simu.

Tukisikia habari za uchafu wa mtandaoni, tunadhani mtoto ameutafuta. Mtoto wa gredi ya pili hatafuti. Amefungua picha atazame harusi ya shangazi, na papo hapo, kati ya harusi na mahubiri, anakutana na video chafu iliyorushwa usiku kwenye kundi la WhatsApp. Susu hakuiomba, pengine hata hajaiona. WhatsApp imeipakua yenyewe na kuiweka pamoja na picha za familia.

Kuzuia hilo ni kazi ya dakika chache. Ingia kwenye mipangilio ya WhatsApp, zima upakuaji otomatiki wa picha na video. Kisha nenda sehemu ya mazungumzo, uzuie faili zake zisionekane kwenye picha za simu. Kwenye YouTube, washa kizuizi cha maudhui ya watu wazima, na uzime ule mtindo wa video moja kuiita nyingine bila mtu kubonyeza. Kizuizi hicho hakinasi kila kitu, lakini kinapunguza mengi.

Usimwachie susu kazi hiyo. Ifanye wewe, kabla hujamkabidhi makanga wa matatu hiyo simu aifikishe nyumbani.

Na wewe unayerusha video za watoto wakidhulumiwa, eti tumsake mhalifu, acha. Unamdhulumu mtoto yule mara ya pili. Sheria ya uhalifu wa mtandaoni ya mwaka 2018 inasema anayesambaza picha za ngono za watoto anaweza kutozwa faini ya hadi shilingi milioni 20, kufungwa hadi miaka 25, au vyote viwili. Ukiletewa video ya namna hiyo, nenda polisi.

Kinachoniuma zaidi ni kiboko. Mtoto anakuja mwenyewe, anasema, "Susu, nimeona kitu kibaya," anachapwa. Kesho akiandikiwa na mtu mzima asiyemjua, akaombwa picha, atamwambia nani? Msikilize kwanza. Mwambie hana kosa. Ikiwa kuna mtu anayemwandikia, usifute ujumbe wowote, huo ndio ushahidi. Piga 116, nambari ya Childline Kenya. Hulipi chochote, na inapokelewa usiku na mchana.