Ardhi Isiyotulia
Mahubiri ya Dominika ya Kwanza ya Majilio



Leo tunaanza Majilio, nami naomba tuanze kwa kuiwaza nchi moja ya ajabu. Katika nchi hiyo jiwe huyeyuka likatiririka kama uji, na lililokuwa jeusi huwa jeupe baada ya siku chache. Sakafu ya bahari imekuwa mapango, na watu huingia humo na taa. Samaki aliyekwisha kuhesabiwa kuwa ametoweka duniani huibuka wavuni. Nyayo za watembeao wa kale, kabla ya kuwako jina la kabila lolote, zingali zinasomeka chini. Ukiuliza katika nchi hiyo, "Sasa ni lini?", hupati jibu moja, maana leo na kale zimelala kitanda kimoja.

Mtasema hiyo ni nchi ya ngano za kuwalaza watoto. La, ndugu zangu. Ndiyo nchi yetu. Ol Doinyo Lengai, ambao kwa Kimasai maana yake ni Mlima wa Mungu, hutoa uji wa mawe mweusi unaogeuka mweupe ukipatwa na unyevu. Bonde la Ufa linazidi kupanuka, milimita chache kila mwaka. Nyayo za Laetoli zina umri wa miaka ipatayo milioni 3.6. Na tusiende mbali: hapa mkoani Tanga, mawe ya chokaa ya Amboni yalijengeka chini ya bahari yapata miaka milioni 150 iliyopita. Samaki niliyemtaja ni silikanti. Wataalamu walidhani ametoweka tangu miaka milioni 65 na zaidi, hata alipovuliwa huko Afrika Kusini mwaka 1938. Baadaye wavuvi wa Tanga nao wakawapata, na mwaka 2009 ikaanzishwa hifadhi ya bahari kwa ajili yake. Hata milima ya Usambara, ambayo watu wa Korogwe huamka nayo kila siku, mawe yake yalipikwa kwa joto na kugandamizwa chini sana ardhini zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita, kisha yakainuliwa.

Nasema nanyi hasa, makatekista. Kijana wa sekondari akija akakuuliza, "Mwalimu wa jiografia asema milima ina mamilioni ya miaka, na Biblia yasema siku sita, nani mwongo?", usimfukuze, wala usimwambie achague kati ya darasa na kanisa. Ukimlazimisha achague, huenda akachagua, nasi tukampoteza. Mwambie habari za Mwenyeheri Niels Stensen, mzaliwa wa Copenhagen. Mwaka 1666 alipasua kichwa cha papa mkubwa, akaona kwamba meno yake yafanana na mawe fulani yaliyookotwa milimani. Mwaka 1669 akachapisha kitabu kueleza jinsi tabaka za ardhi zinavyolazwa moja juu ya nyingine, ya chini ikiwa ya kwanza. Ndiye ahesabiwaye kuwa miongoni mwa waasisi wa elimu ya miamba. Mtu huyo huyo alipewa upadre mwaka 1675, kisha uaskofu, na Papa Yohane Paulo II akamtangaza Mwenyeheri mwaka 1988. Hakuogopa kwamba jiwe litamkanusha Mungu aliyeliumba. Nao Mtaguso wa Vatikano wa Pili, katika hati ya Dei Verbum ya mwaka 1965, unatuagiza tuangalie aina ya uandishi iliyotumiwa na waandishi watakatifu. Kitabu cha Mwanzo chatufundisha ni nani aliyeumba na kwamba kazi yake ni njema; hakikuandikwa ili kupima umri wa mawe.

Lakini ardhi isiyotulia haitupi maajabu tu. Hutupa na vilio. Asubuhi ya tarehe 3 Desemba 2023, Dominika ya Kwanza ya Majilio kama leo, sehemu ya mlima Hanang ilimeguka. Wataalamu walieleza kwamba miamba dhaifu ilinyonya maji ya mvua, ikakatika, ikawa tope lililofuata mkondo wa mto hadi Katesh. Watu zaidi ya 80 walipoteza maisha. Injili ya siku ile, kutoka Marko sura ya 13, ilikuwa juu ya kukesha, kwa kuwa hatuijui saa.

Katika msiba wa namna hii hakosekani mtu wa kusema, "Wale walikuwa na dhambi," au, "Kuna mkono wa mtu." Wapendwa, maneno hayo ni jiwe la pili juu ya aliyekwisha kufukiwa. Bwana wetu mwenyewe alipowataja watu kumi na wanane walioangukiwa na mnara wa Siloamu, alikataa kuwaita wakosefu kuliko wengine. Akawageukia waliokuwa hai, akawataka watubu wao.

Basi kukesha kwetu kuweje? Oktoba 2019 mvua kubwa zilileta mafuriko Handeni na Korogwe. Barabara iunganishayo wilaya hizi mbili ikakatika, na wenzetu wakafa. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 yakataza shughuli za watu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Najua atakayenijibu: "Padre, ningekuwa na shamba tambarare, nisingelima kule." Asema kweli, na neno lake halijibiwi kwa kumkaripia. Linaihusu jumuiya nzima. Katika jumuiya zetu ndogondogo wako wenye shamba la bondeni lililoota magugu miaka mitatu, na jirani yao analima ukingoni mwa korongo. Mwenye shamba na ampe jirani msimu mmoja, miwili. Na anayelima mteremko asaidiwe kuchimba makinga maji na kupanda miti, ili mvua isimshushie nyumba.

Tena wako ndugu, wana wa tumbo moja, wasiosalimiana kwa sababu ya mstari wa mikonge uliosogezwa hatua mbili. Wanakwenda barazani kugombea mpaka juu ya ardhi ambayo yenyewe husogea, katika maisha ambayo mbele ya umri wa jiwe moja la Usambara hayafiki kufumba jicho. Majilio haya mmoja wao na atangulie kubisha hodi kwa mwenzake.

Nabii Isaya, katika sura ya 54, atuambia kwamba hata milima ikiondoka mahali pake, huruma ya Mungu kwetu haiondoki. Hakuahidi kwamba milima haitaondoka. Ametuonyesha mahali pa kuweka mguu itakapoondoka. Tuwaombee marehemu wa Hanang na wa kwetu, na Bwana ajapo atukute macho, kila mtu na jirani yake.

Tumsifu Yesu Kristo.