Haki ya Kizimba Sokoni

Shukrani zote zamstahiki Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimshukie Bwana wetu Mtume Muhammad, na jamaa zake na masahaba zake. Amma baad.

Enyi waja wa Mwenyezi Mungu, ndugu zetu mliohudhuria msikitini na nyinyi mnaotusikiliza majumbani. Twajiusia nafsi zetu, kisha twakuusieni nyinyi, kumcha Mwenyezi Mungu. Na ucha Mungu huo leo tutautafuta sokoni, penye meza za mboga na vizimba vya nguo, kwani huko ndiko tunakoletewa mashauri mengi siku hizi.

Leseni ya kizimba si hati ya kumiliki ardhi. Mahali ni pa umma, na halmashauri humpa mtu ruhusa ya kuuza hapo kwa masharti: alipe ushuru, asizibe njia, asimpangishe mwingine bila idhini. Aliyepewa ana haki ya kukaa, hana haki ya kuuza mahali. Basi anayepokea kilemba kwa kizimba cha umma auza asichokimiliki, na Mtume (S.A.W.) alimkataza Hakim bin Hizam kuuza asicho nacho.

Wanafunzi waliosoma Minhaji ya Imam Nawawi watakumbuka mlango wa kuhuisha ardhi iliyokufa. Humo twafundishwa kwamba njia asili yake ni ya kupita watu, na kwamba yafaa kukaa kando yake kuuza na kununua maadamu wapitao hawadhikishwi. Aliyetangulia mahali ndiye mwenye haki napo. Akiondoka kwa nia ya kurudi, haki yake haipotei, ila akitoweka muda mrefu hata wateja wake wakakatika na kuzoea mwingine. Tazameni jinsi wanavyuoni walivyoijua biashara: hawakuhesabu siku, walihesabu wateja.

Sasa sikilizeni shauri moja tulilopata kuketi nalo. Mtu aliugua, akasafiri kwenda kutibiwa, akamwachia rafiki yake kizimba amwangalizie. Rafiki akauza, akalipa ushuru kila mwezi, na kila risiti akaiandikisha kwa jina lake mwenyewe. Hata leseni ilipokwisha muda, akaiomba upya kwa jina lake. Mgonjwa aliporudi alikuta kufuli mpya. Walipofika mbele ya wenye kuhukumu, mmoja alikuwa na bahasha iliyojaa karatasi, na mwingine alikuwa na maneno matupu, kwa kuwa walipoagana hapakuwa na shahidi. Aliyekuwa na karatasi akashinda. Hatuwalaumu waliohukumu, hakimu hufuata ushahidi aliowekewa.

Lakini mshindi alikuja kwetu baada ya sala akatuuliza: "Sheikh, serikali imenipa. Si imekuwa halali yangu?"

Tukamkumbusha hadithi ya Bi Umm Salama (R.A.), iliyopokewa na Bukhari na Muslim. Mtume wetu, naye ndiye hakimu bora kuliko mahakimu wote, alieleza kwamba yeye ni mwanadamu, na kwamba huenda mmoja wa wagombanao akawa fasaha wa hoja kuliko mwenziwe, akahukumiwa kwa yaliyosikika. Na aliyekatiwa haki ya nduguye amekatiwa kipande cha moto. Hukumu ya Mtume mwenyewe haikuigeuza haramu kuwa halali, seuze muhuri wa ofisi! Na katika mapokezi ya Abu Daud, watu wawili waliokuwa wakigombea urithi bila ya mashahidi walipoyasikia hayo walilia, kila mmoja akasema haki yake ni ya mwenziwe. Mtume akawaamrisha wagawane, watafute haki, wapige kura, kisha wasameheane.

Nanyi mlioshika madaftari ya masoko, amana yenu ni nzito. Soko la Kariakoo, Dar es Salaam, lilipoungua tarehe 10 Julai 2021, wafanyabiashara walitawanyika, na wakati wa kurudi ulipokaribia mwaka 2024 orodha ya majina ndiyo iliyozungumzwa mno. Jina moja likifutwa, nyumba nzima hulala na njaa. Sayyidna Ali (R.A.) alipotumwa Yaman alifundishwa asihukumu mpaka amsikilize na wa pili kama alivyomsikiliza wa kwanza. Basi msimng'oe mtu kizimbani kwa maneno ya upande mmoja. Na sisi wa misikiti tusijitoe: yako maduka ya wakfu ambayo mpangaji wake hana hata kipande cha karatasi, na siku ya ugomvi hatutakuwa na la kusema.

Aya ya deni katika Suratul Baqara imetuamrisha kuandika na kushuhudisha. Andikeni, hata baina ya marafiki.

Yule bwana alitusikiliza, akanyamaza, akaondoka. Mpaka tunapoitayarisha khutba hii angali anafungua kizimba kile kila asubuhi, na mwenziwe anauza ndimu kwenye kikapu, nje ya lango la soko.

Twasema maneno yetu haya, nasi twamwomba Mwenyezi Mungu atughufirie sisi na nyinyi na Waislamu wote.