Mji wa Wanyonge Katikati ya Washington



Mwezi Mei 1968, wiki chache baada ya Martin Luther King kuuawa, mafukara wa Marekani walijenga mji wao katikati ya Washington, karibu na jengo la kumbukumbu ya Rais Lincoln. Waliuita Mji wa Ufufuo. Walikuwamo watu weusi, wazungu maskini, wenyeji wa asili, na watu wenye asili ya Meksiko. Walidai kazi, kipato na makazi bora katika nchi yenye utajiri mkubwa kupindukia.

Nyumba zao zilikuwa vibanda vya mbao nyembamba na plastiki. Palikuwa na ukumbi wa mji, zahanati, jiko la wote na mahali pa kulelea watoto. Walipanga foleni ya chakula, kisha wakaandamana hadi kwenye milango ya wizara, hasa Wizara ya Kilimo, kuwasemea wenye njaa. Jioni walirejea vibandani.

Mvua ikanyesha siku nyingi. Vijia vikageuka matope. Wizi na ugomvi vikazuka, na wengine wakarudi makwao. Magazeti mengi yakaandika habari za matope kuliko habari za njaa. Isitoshe, baadhi ya viongozi wa kampeni walilala hotelini, na jambo hilo liliwachoma waliolala mvuani.

Tarehe 19 Juni makumi ya maelfu walikusanyika kuwaunga mkono. Tarehe 24 Juni, kibali kikiwa kimekwisha muda wake, polisi waliwaondoa waliobaki. Ralph Abernathy, mrithi wa King, alitiwa mbaroni. Serikali ilikubali kuongeza ugawaji wa chakula katika wilaya kadhaa maskini, lakini madai makubwa hayakutimizwa.

Matope yale hayakuwa aibu ya wanyonge. Shida zao za kila siku zilikuwa zimeletwa mahali ambapo mwenye madaraka hawezi kuzikwepa. Kwa hiyo mtumishi wa umma anayengoja mpaka mnyonge apige kambi mlangoni pake amekwisha kuchelewa. Mwalimu anayefundisha usawa hana budi kueleza pia nani hufagia, nani hupika, na nani hulala pakavu. Na kiongozi asiyelowa pamoja na wenzake atajuaje kwamba paa lao linavuja?