Wimbo Nyuma ya Wimbo



Nimekuja hapa Igurwa kuzungumzia katuni za televisheni zinazoiga kwa dhihaka tamthilia za nyimbo. Tarehe 1 Oktoba 1992, huko Marekani, kipindi cha The Simpsons kilionyesha sehemu iitwayo A Streetcar Named Marge. Humo watu wa mji wanaandaa onyesho la nyimbo kutokana na A Streetcar Named Desire, tamthilia ya Tennessee Williams ya mwaka 1947. Tamthilia hiyo ni nzito. Inaishia kwa mwanamke aliyechanganyikiwa akichukuliwa kupelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili. Katuni inaufunga msiba huo kwa wimbo mchangamfu, waigizaji wote jukwaani, kana kwamba hakuna aliyeumia. Kinachochekwa ni ile tabia ya majukwaa makubwa ya kugeuza kila kilio kuwa ngoma. Wimbo mwingine wa onyesho hilohilo uliukashifu mji wa New Orleans, wenyeji wakakasirika, na wiki iliyofuata Bart, kijana wa katuni hiyo, alionekana akiandika ubaoni, kama mwanafunzi aliyeadhibiwa, kwamba hatarudia.

Januari 1993 ikaja sehemu ya tapeli anayewaimbia watu wa mji mpaka wakakubali kununua treni wasiyoihitaji. Mtindo wa wimbo wake umetoka kwenye The Music Man ya Meredith Willson, ya mwaka 1957.

Sasa mketishe mtoto wa hapa mbele ya katuni hiyo. Atafurahia mdundo na kumcheka tapeli. Lakini ule wimbo wa zamani uliojificha nyuma ya wimbo hautamfikia, maana hajawahi kuusikia. Dhihaka ya namna hii hula kwenye akiba ya kumbukumbu ya msikilizaji, na akiba ya mtoto wetu iko kwingine.

Iko kwenye nanga. Mnaijua: ala ya muziki ya ubao uliochongwa kama mtumbwi mdogo, na uzi unaokwenda na kurudi juu yake. Profesa Mugyabuso Mulokozi aliandika kitabu kizima, kilichotoka mwaka 2002, kuonyesha kwamba tungo za nanga ni tendi kamili. Nami naongeza, kwa imani yangu, kwamba ni tamthilia za nyimbo pia: mtu mmoja, chombo kimoja, na wahusika wote kooni mwake.

Katuni zenyewe tunazo. Ubongo Kids ilianza kurushwa kwenye televisheni ya TBC1 Januari 2014, ikifundisha hesabu na sayansi kwa nyimbo za Kiswahili. Watoto wamekwisha kuzoea mhusika wa katuni anayekatiza mazungumzo akaimba. Ninachokitamani ni hatua inayofuata, na nimeiwaza kwa muda mrefu.

Mchoreni mnunuzi wa butura, yule anayenunua kahawa ikiwa bado mtini. Aingie uani kwa mpigo wa nanga, asifiwe kwa majigambo yote ya shujaa aliyerudi vitani, ng'ombe wakimpisha njia, huku mwenye shamba akihesabu noti pungufu na kahawa yake bado mbichi mtini. Babu atacheka kwanza. Mjukuu atamgeukia amuulize anacheka nini, na babu itambidi amwimbie ule wimbo wenyewe.